Soyuz kama kipando cha watu: uhakiki wa chombo cha ukoo ulioanza na Gagarin

Soyuz ni neno la Kirusi, na maana yake ni Muungano. Ni jina la chombo na pia la roketi inayokibeba. Katika vipando vyote vilivyowahi kumtoa binadamu duniani na kumrudisha, hiki ndicho kilichodumu kazini kuliko vyengine: tangu 1967 hadi leo, safari zaidi ya 150 zenye watu ndani. Tunakipima hapa kama mtu wa visiwani anavyopima chombo kabla ya kuwapandisha wanawe: kinachukua wangapi, kimewahi kuvuja wapi, nahodha afanye nini mashine ikizima katikati ya mkondo, na kikifika kinafungaje gati. Tunakipa nyota nne kati ya tano. Nyota tuliyoikata tutaieleza mbele, na hatukuikata kwa sababu ya uzee.

Uzee wenyewe ni sifa. Wazee wametuachia neno kwamba usiache mbachao kwa msala upitao, na Warusi wamelishika kwa vitendo. Mbachao wao ni R-7, kombora la kijeshi lililosanifiwa na ofisi ya Sergei Korolev, mhandisi mkuu wa roketi za Kisovieti. Liliruka vizuri mara ya kwanza tarehe 21 Agosti 1957, na wiki sita baadaye, 4 Oktoba, likabeba Sputnik, satelaiti ya kwanza. Anayetazama roketi ya leo pale Baikonur, Kazakhstan, anaona umbo lile lile: nguzo ya katikati na roketi nne za ubavuni zilizochongoka juu, kama ngalawa iliyotiwa matengo pande zote nne. Zote tano huwashwa pamoja ardhini. Miaka ile hakuna aliyekuwa na hakika kwamba injini kubwa itakubali kuwaka ikishafika juu penye hewa hafifu, basi Korolev akaziwasha zote chini, mbele ya macho ya mafundi, na roketi haiondoki mpaka zote ziwe zimeshika moto.

Injini ni za mhandisi Valentin Glushko: RD-107 ubavuni, RD-108 katikati. Zinakunywa mafuta ya taa, ya ukoo mmoja na haya ya karabai ila yamesafishwa zaidi, pamoja na oksijeni kimiminika yenye baridi ya nyuzi 183 chini ya sifuri. Glushko alihangaika sana na chumba kimoja kikubwa cha kuchomea, kwa sababu moto ulikuwa ukitetemeka ndani yake hadi kukipasua. Mwisho akaugawa moto katika vyumba vinne vidogo vinavyolishwa na pampu moja. Ndiyo maana ukihesabu chini ya roketi unapata midomo 20 mikubwa, na midogo 12 inayogeuka kushika usukani. Pampu yenyewe inazungushwa na mvuke wa hidrojeni peroksaidi.

Kiberiti chake ni mbao. Kila mdomo hutiwa fremu ya mbao yenye umbo la herufi T, juu yake pamefungwa fataki na waya. Fataki zikiwaka, waya hukatika, na kukatika huko ndiko kunakoiambia mitambo kwamba moto upo. Hapo tu vali za mafuta hufunguliwa. Ukibaki waya mmoja mzima, uzinduzi unasimama. Ni kitu cha bei ndogo na hakina siri, na kinazuia balaa kubwa kuliko zote, yaani mafuta kumwagika ndani ya injini isiyo na moto kisha kulipuka kwa pamoja.

Jukwaa nalo linastahili kutazamwa. Roketi haisimami kwa miguu. Inaning'inizwa kiunoni na mikono minne ya chuma, na uzito wake wenyewe, kiasi cha tani 310, ndio unaoibana mikono hiyo. Inapoanza kupanda, uzito unaitoka mikono, na vyuma vizito vilivyo upande wa pili huivuta nje ikafunguka kama ua. Hakuna mtu wa kubonyeza chochote, kwa hiyo hakuna wa kukosea.

Kuanzia hapo saa ndiyo msimamizi. Sekunde ya 118 hivi, roketi nne za ubavuni zinaishiwa na kuachia kwa pamoja. Siku ya mbingu safi, mtu aliye chini huona msalaba wa moshi. Karibu na sekunde ya 157 kifuniko cha pua kinaanguka na mwanga unaingia madirishani kwa mara ya kwanza. Dakika ya tano inakaribia, nguzo ya katikati inamaliza kazi, na injini ya hatua ya tatu, yaani roketi iliyokaa juu ya nguzo, inawaka kabla ya ile ya chini kuachiwa. Baina yao pamewekwa kiunzi cha vyuma chenye matundu makubwa, moto wa juu upate pa kutokea. Sababu ni kwamba mafuta ndani ya tangi hukaa chini ya tangi pale tu roketi inaposukumwa. Ukiacha mwanya wa sekunde chache bila msukumo, yanaelea na pampu inameza hewa. Dakika 8 na sekunde 50 hivi tangu kuondoka, injini inazima. Kidoli alichokifunga kamanda kwa uzi mbele ya uso wake kinaacha kuning'inia na kuanza kuelea. Hicho ndicho kipimo rahisi kuliko vyote kwamba wamefika kwenye mzingo.

Kuhusu kupanda, basi, nyota ni tano. Maafa ya ukoo huu hayakutoka kwenye moto wa chini. Yalitoka kwenye kupunguza akiba.

Tuanze na mtangulizi wake, Vostok, maana yake Mashariki, chombo cha Yuri Gagarin, mtu wa kwanza kufika angani. Kiliondoka 12 Aprili 1961 saa 3 na dakika 7 asubuhi kwa saa za Moscow, na safari yote ikachukua dakika 108. Injini ya kumpunguzia mwendo iliwashwa alipokuwa anakaribia pwani ya magharibi ya Afrika, naye akavuka bara letu akiwa anashuka. Kibanda chake kilikuwa tufe la kipenyo cha mita 2.3, na tufe lilichaguliwa kwa sababu: ukiliwekea uzito upande mmoja linajigeuza lenyewe likaelekeza sehemu nzito mbele, bila ya usukani wowote. Chakula kilikuwa cha siku 10, kwani mzingo ulipangwa uwe wa chini kiasi kwamba injini ya kurudi ikikataa, hewa hafifu ya juu ingekishusha chombo yenyewe ndani ya siku hizo. Mambo mawili hayakwenda sawa. Injini ya roketi ilichelewa kuzimwa, chombo kikapanda hadi kilomita 327, juu kuliko ilivyopangwa. Na wakati wa kurudi, sehemu ya mitambo haikukatika vizuri. Ilibaki imeshikwa na nyaya, na viwili hivyo vikawa vinazunguka pamoja kwa kiasi cha dakika 10 mpaka joto likazichoma nyaya. Tufe likajiweka sawa lenyewe, kama lilivyokusudiwa. Kwenye kilomita 7 Gagarin akarushwa nje na kiti chake, akashuka kwa mwavuli wake mwenyewe karibu na Engels, mkoa wa Saratov.

Kiti cha kurushwa kilikuwa ndiyo akiba yake. Roketi ikiharibika karibu na ardhi, kinamtoa. Kibanda kikishuka kwa kishindo, yeye hayumo. Sasa tazama kilichofanyika baada ya miaka mitatu. Tarehe 12 Oktoba 1964 Voskhod, yaani Macheo, ikabeba watu watatu katika tufe la ukubwa ule ule: Vladimir Komarov, mhandisi Konstantin Feoktistov na daktari Boris Yegorov. Watatu hawaenei wakiwa na viti vya kurushwa, kwa hiyo viti vikatolewa. Hawaenei wakiwa na suti za anga, kwa hiyo suti zikatolewa. Walirudi salama. Lakini watu wa visiwa hivi hawahitaji kuhadithiwa maana ya chombo kilichopakiwa kuliko kilivyoundwa kubeba. Tumezika, na tunajua kwamba kufika salama jana si hoja ya kupakia hivyo hivyo kesho.

Soyuz 1 iliondoka 23 Aprili 1967 ikiwa na Komarov peke yake. Majaribio ya chombo bila ya watu yalikuwa yameonesha kasoro, na bado ratiba ikashika. Bawa moja la umeme wa jua halikufunguka, na waliporudisha chombo, mwavuli mdogo ulishindwa kuuvuta mkubwa kutoka kwenye kasha lake. Komarov alifariki tarehe 24. Miaka minne baadaye ikaja Soyuz 11. Georgy Dobrovolsky, Vladislav Volkov na Viktor Patsayev walikaa siku 23 wakiwa kwenye safari ya kituo cha anga cha Salyut 1, na usiku wa kuamkia 30 Juni 1971 wakaanza kurudi. Chombo kilipojigawa sehemu tatu, mtikisiko ulifungua vali ya hewa ambayo ilitakiwa ifunguke kilomita chache tu juu ya ardhi. Walikuwa kwenye kilomita 168. Palikuwa na njia ya kuifunga kwa mkono, ila ilihitaji muda mrefu kuliko pumzi waliyobaki nayo. Kibanda kilitua sawasawa kabisa, na waokoaji walipofungua mlango wakawakuta wote watatu wamekufa. Hawakuwa na suti, kwa sababu ile ile ya Voskhod: suti na watu watatu havikuenea.

Jibu la wahandisi baada ya hapo ndilo linalotufanya tukiamini chombo hiki. Walimtoa mtu mmoja. Kuanzia Soyuz 12, Septemba 1973, walipanda wawili tu, kila mmoja ndani ya suti ya Sokol yenye njia yake ya oksijeni. Kiti cha tatu hakikurudi mpaka ilipokuja aina mpya, Soyuz T, 1980, mitambo ilipopungua uzito kiasi cha watatu kuenea pamoja na suti zao. Tangu 1971 hajafariki mtu yeyote katika safari ya Soyuz, na si kwamba vitu havikuvunjika. Vilivunjika vibaya.

Tarehe 5 Aprili 1975 hatua ya pili, yaani nguzo ya katikati, na ya tatu zilikataa kuachana vizuri. Chombo kilijitenga na kuanguka kwa mwinuko mkali. Vasily Lazarev na Oleg Makarov walibanwa na uzito zaidi ya mara 20 ya uzito wao kwa muda mfupi, wakatua kwenye theluji ya milima ya Altai, wakaishi. Tarehe 26 Septemba 1983 moto uliwaka jukwaani kabla ya kuondoka. Vladimir Titov na Gennady Strekalov walikuwa wamekaa juu ya tani zote zile za mafuta. Mnara mwembamba ulio juu ya pua ya roketi una injini zake za baruti. Uliwashwa kwa amri ya redio kutoka chini, kwa sababu moto ulikuwa umeshaunguza nyaya, ukakinyakua kibanda na kukipeleka kilomita kama 4. Sekunde chache baadaye roketi ikalipuka.

Kisa cha 11 Oktoba 2018 kinafundisha zaidi, kwa sababu kosa lilikuwa dogo. Wakati wa kuunganisha roketi, kihisio kimoja kwenye roketi ya ubavuni kilipinda zaidi ya nyuzi 6. Kazi ya kihisio hicho ni kujua kwamba pua ya roketi ya ubavuni imeshaachia, ili kifungue kitundu cha gesi kinachoisukuma mbali. Kilipopinda, kitundu hakikufunguka, roketi ikabaki karibu, ikagonga nguzo ya katikati. Mnara wa kuokolea ulikuwa umeshatupwa sekunde chache kabla, lakini kwenye kifuniko cha pua mna seti nyengine ya injini za baruti kwa ajili ya dakika hiyo hasa. Aleksey Ovchinin na Nick Hague walitua karibu na Zhezkazgan baada ya kiasi cha dakika 20. Akiba juu ya akiba. Miezi mitano baadaye wawili hao hao walipanda tena roketi ya aina ile ile.

Upande wa raha hatuwezi kuwa wakarimu. Kibanda cha kushukia kina nafasi ya mita za ujazo 3.5 tu kwa watu watatu. Abiria wa gari ya shamba siku ya sikukuu ana nafasi ya kunyoosha mguu kuliko wao. Magoti yanakunjwa kuelekea kifuani. Kila mmoja huchukuliwa umbo la mgongo wake kwa plasta, na kitanda cha kiti chake hutengenezwa kwa umbo hilo peke yake, kwani pengo la kidole kimoja chini ya uti wa mgongo laweza kuumiza wakati wa kutua. Wanaokubaliwa ni wa urefu wa sentimita 150 hadi 190, uzito wa kilo 50 hadi 95. Kamanda akiwa amefungwa mikanda hafiki kwenye vitufe vya mbele. Anatumia kijiti maalum. Nafuu ipo kwenye chumba cha mbele, chenye choo na pahala pa kunyoosha mwili, ila chumba hicho hutupwa na kuungua wakati wa kurudi.

Zamani ubanaji huo ulidumu siku mbili mpaka kufika Kituo cha Kimataifa cha Anga. Tangu Machi 2013 ikawa saa sita, na tangu Oktoba 2020 vyombo vyengine vimefika kwa takriban saa tatu. Hizo saa tatu zimesaidiwa na roketi inayolenga vizuri zaidi. Soyuz-FG, iliyobeba watu hadi 2019, ilikuwa na mitambo ya zamani isiyoweza kuigeuza roketi kwenye mhimili wake ikiwa hewani, kwa hiyo jukwaa zima la uzinduzi lilizungushwa kuelekea upande wa safari. Soyuz-2.1a, inayobeba watu tangu 9 Aprili 2020, ina kompyuta na inajigeuza yenyewe. Kompyuta hiyo pia ina hadhari: tarehe 21 Machi 2024 ilisimamisha kila kitu sekunde 20 hivi kabla ya kuondoka, kwa kuwa betri moja ilishusha nguvu. Wakaondoka siku mbili baadaye. Kawia ufike.

Nauli imepanda mno. Dennis Tito, mtalii wa kwanza, aliripotiwa kulipa dola milioni 20 mwaka 2001. Mark Shuttleworth wa Afrika Kusini akamfuata Aprili 2002. Baada ya Marekani kustaafisha vyombo vyake 2011, kwa miaka tisa hapakuwa na njia nyengine ya kufika Kituo cha Kimataifa cha Anga, na kiti cha mwisho walichonunua, cha 2020, kiligharimu dola milioni 90. Mwenye boti pekee bandarini ndiye mpanga bei.

Kurudi ndiko kunakohitaji moyo. Injini inawaka kwa dakika 4 na sekunde 40 hivi, na kwa kupunguza kasi mita 120 tu kwa sekunde, chombo kinaanza kuanguka. Karibu na kilomita 140 kinajigawa sehemu tatu. Hewa inapokishika, abiria hulemewa na uzito mara 4 au 5 wa kawaida. Mambo yakiharibika, kibanda huacha kujielekeza na kushuka wima zaidi, na uzito hufika mara 8 au zaidi; ndivyo ilivyokuwa Aprili 2008, sehemu ya mitambo ilipokataa kuachia, nao wakatua mamia ya kilomita mbali na walipotarajiwa. Kwenye kilomita 10 na kitu miavuli midogo inaanza kufunguka, kisha ule mkubwa wa mita za mraba 1,000. Ngao ya joto inadondoka, na chini yake kuna kipimo cha miale ya gama kinachohesabu umbali wa ardhi. Ikibaki chini ya mita moja, injini ndogo za baruti zinawaka. Hata hivyo kishindo kipo, na upepo ukiwa mkali mwavuli hukiburura kibanda hadi kikalala ubavu, iwapo kamanda atachelewa kukata kamba.

Sasa ile nyota. Desemba 2022 Soyuz iliyofungwa kituoni ilitobolewa bomba la kupoozea, na wataalamu wakasema ni kijiwe cha angani. Watu watatu wakawa hawana njia ya kawaida ya kurudi hadi Februari 2023, kilipopelekwa chombo kitupu kuwachukua. Sergey Prokopyev, Dmitry Petelin na Frank Rubio walikwenda kwa miezi sita, wakakaa siku 371. Tena jukwaa la Gagarin halijatumika tangu Septemba 2019, safari zote za watu zikahamia jukwaa namba 31. Tarehe 27 Novemba 2025, chombo kilipoondoka salama, jukwaa la mafundi chini yake liling'oka na kuangukia kwenye shimo la moto. Chombo chenye akiba kila pahala kilikuwa kinategemea gati moja. Hapo ndipo tulipokata.

Anayetaka kufuatilia akiwa Unguja au Pemba ana wepesi mmoja: saa za Moscow ni sawa na zetu. Ratiba ikiandika 09:07, toa sita, ni saa 3 na dakika 7 asubuhi. Kituo hupita juu yetu kwa kuwa mzingo wake umeinama nyuzi 51.6, na sisi tupo kwenye 5 na 6 kusini. Tazama baada ya Magharibi hadi karibu na Isha, au kabla ya kucha, kwani wakati huo huku chini ni giza na huko juu bado jua linapiga. Nuru yake haimetimeti wala haina taa nyekundu. Ikiwaka nyekundu na kijani ni ndege. Inatoka upande wa magharibi na kupita kwa dakika 5 au 6. Kwa kasi yake ya kilomita 7.7 kwa sekunde, mkondo wa kilomita 50 baina ya Nungwi na Pemba inauvuka kwa chini ya sekunde 7. Forodhani kuna taa nyingi. Makunduchi au Vumawimbi ni bora, na miezi ya masika mawingu hukatisha tamaa. Siku ambayo Soyuz imeondoka na bado haijafunga gati, tazama mbele na nyuma ya ile nuru kubwa kwa dakika chache zaidi, uone kama ipo nyengine ndogo katika njia ile ile.